Viazi vya Dirishani

Kapu la dirishani lilikuwa tupu. Sikudhani alitua ndoo ya maji.

“Mama, viazi vyangu vya mbegu viko wapi?”

Mama mkwe wake, aliyekuja kuwatembelea, alitabasamu. “Vile vya kijani? Nimeona vinaota, nikavitoa machipukizi, nikavichemsha. Tutupe chakula, mwanangu?”

Sikudhani alimgeukia. Aliviacha mwangani makusudi, viote apande. Kiazi kikishakuwa cha kijani kina sumu.

“Tunu amekula?”

“Alilalamika vichungu. Nikamwongezea chumvi, akamaliza.”

Sikudhani alikimbilia uani. Binti yake alikuwa amechuchumaa kando ya matuta yaliyosubiri mbegu, kichwa magotini. Alimwita mara mbili. Kichwa hakikuinuka.