Pacha wa Nyumba ya Nakijwa

Sheria ilitaka riba ionekane kwa macho: kila shilingi uliyolipa zaidi ya bei ya nyumba yako, mkopeshaji aliitumia kujenga nyumba yake ubavuni mwa yako. Nakijwa hakutishika. Kwa miaka kumi na minane hakuwahi kuchelewesha rejesho hata moja. Leo nyumba ya jirani, pacha wa ile yake mpaka rangi ya madirisha, ilipata wapangaji.

“Shikamoo, mama,” mmoja wao alimsalimu. “Tumeambiwa ni wewe uliyetujengea.”

“Marahaba. Tena nimeijenga imara,” alijibu kwa kujidai. “Karibuni sana.”

“Na msingi ule wanaouchimba nyuma ya jiko lako, nao ni wako?”

Nakijwa aligeuka, akawaona mafundi wa mkopeshaji. Alikuwa amebakiza miaka saba ya kulipa. Akaenda kuhamisha kamba yake ya kuanikia nguo, iliyopita juu ya msingi.