Mwaka wa Nchi ya Nelly

Mama Nelly alisimama na ndoo yake kichwani, akiutazama ukuta wa jiko uliojaa vistari vya mkaa.

"Ni kalenda ya nchi yangu ya kuku wanaoongea," Nelly akasema. "Wiki ina siku tatu: ya kutaga, ya kuatamia na ya kugombana."

"Na mwaka je?"

"Unaanza baba akirudi kutoka machimboni Geita. Huu umegoma kuisha, mama."

Kistari cha mwisho kilikuwa chini kabisa, kimebanwa na sakafu.

Mama akatua ndoo. Tangu agombane na mumewe, alikuwa ameapa kwamba hatakuwa yeye wa kwanza kupiga simu. Akajifuta mikono kwenye kanga, akachukua simu.

"Baba Nelly, huku ukuta umetuishia. Njoo tuanze mwaka."