Zulia la Marehemu

Mashine ya kufyonza vumbi ilikuwa kubwa hata ikabidi ibaki uani, na bomba lake likapitishwa dirishani hadi sebuleni. Bi Zuwena alitaka zulia la marehemu mumewe lisafishwe kabla ya kuligawa pamoja na nguo zake.

“Hili la kahawia, bibi?” fundi aliuliza.

“Mwenyewe aliapa kwamba alinunua jekundu. Miaka thelathini namcheka: ‘Bwana wee, umeuziwa gunia!’ Nimelipiga fimbo kila Ijumaa, rangi ni hiyo hiyo.”

Fundi akacheka, akawasha mashine. Ikanguruma, vikombe vikatetemeka kabatini. Akaburuta mdomo wa bomba mara moja tu, kutoka mlangoni hadi kwenye kiti cha marehemu.

Nyuma yake ukabaki mstari mwekundu kama komamanga lililopasuliwa.

Bi Zuwena akajiziba mdomo kwa kiganja.

“Zima.”

“Ndio kwanza tunaanza, bibi.”

“Zima, mwanangu, nimwombe radhi.”

Nyumba ikawa kimya. Akavua kandambili, akaukanyaga ule wekundu kwa nyayo tupu, polepole, akielekea kwenye kiti.