Simu Iliyobaki

Siku hizi mtu akifariki, simu zake zote zilizorekodiwa hufutwa matanga yakiisha. Familia huachiwa zile tu ambamo marehemu ameitwa kwa jina, maana hizo ndizo mtambo unaweza kuzithibitisha kuwa ni zake.

Sulbha wa mji wa Satara aliishi na mumewe, Madhukar, tangu ujana, lakini jina la mume alilitamka siku ya harusi tu, katika beti ambazo bibi harusi wa Kimarathi hutakiwa kuzisema mbele ya wageni. Baada ya hapo, kama wanawake wa rika lake, aliona kumtaja mume ni kumvunjia heshima. Kwenye simu alisema "Aho," yaani "Sikia," naye akaitika.

"Mama, hata mara moja?" aliuliza binti yake, Ketaki, Madhukar alipofariki. "Hata mlipogombana?"

"Tulipogombana nilikata simu."

Ketaki alicheka, kisha akaanza kulia. Sulbha hakulia. Aliwasha taa mbele ya picha ya mungu Vithoba, akafumba macho, akaomba abakiziwe walau simu moja, asikie tena sauti ya mumewe.

Matanga yalipoisha, ilibaki moja.

Ketaki aliifungua. Mwanamke wasiyemjua alisema taratibu, "Madhukar, umekula?"

Ketaki akanyoosha kidole aizime. "Mama, huyu ni nani?"

Sulbha alimshika mkono. "Iache," alisema. "Bado hajajibu."