Kifurushi Chini ya Godoro

"Mama, ulikiona kifurushi hiki kikitolewa chini ya godoro la mshtakiwa?" wakili wa utetezi aliuliza.

Fundi cherehani, shahidi wa upande wa mashtaka, alikitazama. Kilikuwa kidogo kama kipande cha sabuni, kimezungushiwa utepe wa gundi wa kaki, na saini yake mwenyewe ilikuwa juu ya utepe.

Mwaka jana alimzika mwanawe wa pekee, mikono imejaa matundu ya sindano. Mtaa mzima ulijua nani aliyekuwa akimuuzia unga. Sasa mtu huyo alikuwa kizimbani, ameinamisha kichwa.

Siku ya upekuzi, askari walimwita yeye, kama jirani, awe shahidi, kama sheria inavyotaka. Alipoingia, godoro lilikuwa limeshapinduliwa na kifurushi kiko mezani.

"Saini hapa, mama," askari alimwambia. "Huyu si unamjua?"

Alisaini kwa moyo mweupe.

"Mama, umeapa," hakimu alisema kwa upole. "Tuambie ulichokiona tu."

Kwenye benchi la nyuma, mumewe alimwashiria kwa kichwa: sema ndiyo. Neno lenyewe lilikuwa limeshafika ulimini, lakini likagoma kutoka.

"Nilikikuta mezani, mheshimiwa," alisema. "Kilikotoka sikuona."

"Kwa hiyo walipekua kabla hujaingia?" wakili aliuliza.

"Ndiyo."

Mwendesha mashtaka alijishika kichwa. Mshtakiwa akainua uso kwa mara ya kwanza, akamtazama kana kwamba hakuamini masikio yake.

Mumewe alisimama, akapita katikati ya watu, akatoka bila kugeuka.