Sura ya Nakijwa

Siku hizi kila televisheni humuuliza mwenye nyumba anataka kuona sura za namna gani, kisha hubadilisha waigizaji kufuata jibu lake. Nakijwa, aliyezaliwa na sindromu ya Down, hali inayoonekana usoni, ameshaigiza filamu kumi na nne. Mabadiliko hayo hayamsumbui. Husema watu baki na watazame wanavyotaka, maana kwao Same mama humwona alivyo.

Kila filamu ikitoka, mama humpigia simu. "Nimekuona, mwanangu. Umependeza."

Jumapili hii Nakijwa alifika bila kutoa taarifa, akamkuta mama analia mbele ya televisheni. Kwenye filamu, msichana mwenye uso mwembamba alikuwa akimzika mumewe kwa sauti ya Nakijwa, amejitanda ile kanga ya zambarau ambayo mama alimpa Nakijwa.

"Hawa mafundi wameichezea," mama alisema, akitafuta rimoti.

Nakijwa ndiye aliyeiona. Akachagua sura halisi. Televisheni ikasema kwa upole kwamba, kwa kuwa ni mara ya kwanza katika nyumba hii, mwenye nyumba athibitishe kwa sauti yake.

"Sema ndiyo, mama," Nakijwa alisema.

Mama alikuwa bado anamtazama yule msichana.