Fundo la Mkono Mmoja

Tarsa, mpanda farasi wa kikosi cha wageni walioitumikia Roma, alilinda lango la mpakani, na hakumwamini yeyote aliyetoka ng'ambo ya mto. Alimsimamisha muuza ngozi, akaanza kuupekua mzigo, mara jicho likaganda kwenye kamba. Fundo lile lilikuwa la kikosi chake. Walilifunga kwa mkono mmoja, mwingine ukiwa umeshika hatamu.

"Wewe umewahi kuwa askari?"

"Mimi? Hata farasi sijapanda, bwana."

"Basi fundo hili umelitoa wapi?"

"Hunifungia shemeji. Kamuoa dada yangu mwaka huu."

Mwaka jana Tarsa na wenzake walimlilia mdogo wake, Bitho, askari mwenzao kikosini, wakidhani ameuawa huko huko ng'ambo. Maiti haoi. Na askari mtoro, akipatikana, hukatwa kichwa.

"Kuna nini hapo?" kamanda aliuliza, akisogea.

"Ngozi tu, mkuu."

Tarsa alilifungua fundo upesi, akafunga jingine la kawaida, kwa mikono miwili. Alipoinua macho, muuza ngozi alikuwa akimkodolea macho usoni, taratibu, kama mtu anayelinganisha sura mbili.